Vyama vya Hisani na Dhambi ya Utumwa: Kuwasoma Tena Smith na Griffin

Mtu anayetaka kuzungumza juu ya Waprotestanti wa Marekani na matengenezo ya jamii katika karne ya 19 hawezi kuvikwepa vitabu viwili vilivyotoka kwa kupishana miaka mitatu tu. Cha kwanza ni Revivalism and Social Reform cha Timothy L. Smith, kilichochapishwa mwaka 1957. Cha pili ni Their Brothers' Keepers cha Clifford S. Griffin, cha mwaka 1960. Vyote viwili ni vya zamani, na wanahistoria wamekwisha kuvikosoa mara nyingi. Hata hivyo wanafunzi wetu huzirudia hoja zake pasipo kujua zilikotoka. Asemaye kwamba uamsho wa kweli huzaa matengenezo ya jamii, anasema na Smith. Asemaye kwamba hisani ya matajiri ni lijamu katika kinywa cha maskini, anasema na Griffin. Nakusudia kuvipima vitabu hivi kwa jambo moja, nalo ni utumwa, kwa sababu hapo ndipo vyama vya dini vya nchi ile vilipojaribiwa kuliko penginepo pote.

Kwanza yafaa tukumbuke vyama hivi vilikuwa nini. Baada ya mapinduzi ya Marekani, makanisa yaliyokuwa yakitegemezwa kwa kodi ya serikali yalianza kupoteza haki hiyo. Connecticut iliiondoa mwaka 1818, na Massachusetts ikawa ya mwisho mwaka 1833. Wachungaji waliozoea kusikilizwa kwa sheria walilazimika sasa kusikilizwa kwa hiari. Katika hali hiyo vikazaliwa vyama: Bodi ya Misheni za Nchi za Nje mwaka 1810, Chama cha Biblia mwaka 1816, Umoja wa Shule za Jumapili mwaka 1824, Chama cha Vijitabu mwaka 1825, Chama cha Misheni ya Nyumbani na Chama cha Kiasi mwaka 1826, na Chama cha Kupinga Utumwa mwaka 1833. Hakuna hata kimoja kilichokuwa kanisa. Mtu aliingia kwa kutoa fedha, si kwa kubatizwa. Mpresbiteri na Mkongregesheni waliketi katika halmashauri moja, mfanyabiashara akawa mwenyekiti na mchungaji akawa karani wake. Kila mwezi wa Mei vyama vikubwa vilikutana New York, vikasoma taarifa zao na kuhesabu vitabu vilivyogawanywa. Mwaka 1829 Chama cha Biblia kiliazimu kuifikishia kila nyumba ya nchi ile Biblia katika muda wa miaka miwili. Azimio hilo tulishike akilini, maana tutalirudia.

Griffin aliyachunguza majina ya wadhamini wa vyama hivyo akaona kwamba yalikuwa yale yale. Theodore Frelinghuysen, seneta kutoka New Jersey, kwa nyakati mbalimbali alikuwa rais wa Chama cha Biblia, wa Chama cha Vijitabu na wa Bodi ya Misheni. Watu wa namna hiyo, asema Griffin, walijiona kuwa mawakili waliowekwa na Mungu kuzilinda tabia za wengine. Waliogopa ulevi, waliogopa wahamiaji wa Kikatoliki, waliogopa kura ya mtu asiyesoma; Biblia na kijitabu vilikuwa njia ya kuifanya nchi itulie. Jina la kitabu amelichukua katika Mwanzo 4:9, na amelitia kejeli. Lakini neno lile katika Mwanzo ni swali la mwuaji anayejaribu kukwepa. Ikiwa wadhamini walijibu kwamba ndiyo, sisi ni walinzi wa ndugu zetu, basi walau hawakumjibu Mungu kama Kaini. Kejeli ya Griffin ingekuwa na makali zaidi kama angeuliza ni nani waliyemhesabu kuwa ndugu.

Hata hivyo Griffin ana ushahidi mzito. Chama cha Vijitabu kilikuwa na kanuni ya kuchapisha yale tu ambayo Wakristo wote wa kiinjili wangeyakubali. Kanuni hiyo yaonekana kuwa ya amani, lakini tazama ilivyofanya kazi. Kwa kuwa wenye watumwa wa Kusini walikuwa Wakristo wa kiinjili, na kwa kuwa hawakukubali kwamba utumwa ni dhambi, basi utumwa haukuweza kuandikwa. Kijitabu dhidi ya ulevi kilikubalika. Dhidi ya kucheza dansi kilikubalika. Dhidi ya kumwuza mtoto mbali na mama yake hakikukubalika. Hata vitabu vya watu wengine vilipochapishwa upya na chama, maneno yaliyougusa utumwa yaliondolewa. Mwaka 1857 wanachama walitaka chama kiseme angalau juu ya wajibu wa kimaadili unaotokana na utumwa. Halmashauri ya uchapishaji ilikataa, mkutano wa mwaka 1858 ukaiunga mkono, na mwaka 1859 tawi la Boston likajitenga. Hapo Griffin amewakamata. Umoja wa vyama ulinunuliwa kwa kunyamaza, na bei ya kunyamaza ililipwa na mtu ambaye hakuwamo katika mkutano.

Tena kuna jambo ambalo mtu wa pwani yetu atalielewa upesi kuliko msomaji wa Boston. Wamisionari wa kwanza wa Bodi ya Misheni walibarikiwa katika kanisa la Tabernacle mjini Salem, Massachusetts, mwezi wa Februari 1812. Salem huo huo ndio uliotuleta sisi neno "merikani". Baada ya mapatano ya mwaka 1833 kati ya Marekani na Sultani Said, merikebu za Salem zilizidi kuja Zanzibar, na mwaka 1837 konsuli wa kwanza wa Marekani, Richard Waters, naye mtu wa Salem, akaanza kazi huko. Nguo yao nyeupe ngumu ilifumwa katika viwanda vya Massachusetts kwa pamba iliyovunwa na watumwa wa Kusini, ikavalishwa bara la Afrika ya Mashariki, na mara nyingi ikatumika kama fedha katika misafara iliyorudi na pembe na watu. Sisemi kwamba kila dola iliyotiwa katika sahani ya misheni ilitoka katika pamba. Nasema kwamba mji mmoja uliweza kutuma mhubiri na kutuma jora la merikani bila kuona kwamba mambo hayo mawili yana neno la kuambiana.

Lakini Griffin hushindwa mara anapokutana na watu ambao dini yao iliwatia hasarani. Arthur na Lewis Tappan walikuwa wafanyabiashara wa hariri New York, nao walisimama katikati ya vyama vingi kama Frelinghuysen. Kama hisani ilikuwa ulinzi wa mali, hawa wawili waliulinda vibaya sana. Mwezi wa Julai 1834 umati uliivamia nyumba ya Lewis na kuvichoma vyombo vyake barabarani. Wanunuzi wa Kusini waliisusia biashara yao. Na katika mtikisiko wa mwaka 1837 kampuni ya Arthur ikafilisika. Mwaka 1839 Waafrika wa Kimende walipokamatwa katika merikebu Amistad, Lewis Tappan ndiye aliyeunda kamati ya kuwatetea mpaka Mahakama Kuu ilipowaachia huru mwaka 1841. Na Bodi ya Misheni ilipokataa mwaka 1845 kuwatenga wenye watumwa katika makanisa yake ya Wacherokee na Wachoktawi, yeye na wenzake walianzisha chama kingine cha misheni mwaka 1846, ambacho baada ya vita kilijenga shule nyingi kwa ajili ya waliokuwa watumwa.

Wala Bodi yenyewe haikuwa kitu kimoja. Katibu wake Jeremiah Evarts aliandika mwaka 1829 mfululizo wa makala kuutetea mkataba wa Wacherokee usivunjwe. Frelinghuysen yule yule ambaye Griffin amemweka katika orodha ya wadhamini alisimama katika Seneti mwaka 1830 akazungumza kwa siku tatu dhidi ya sheria ya kuwahamisha. Mmisionari Samuel Worcester alikubali kufungwa katika gereza la Georgia kuliko kuapa utii kwa sheria za jimbo hilo, na mwaka 1832 Mahakama Kuu ikampa haki, ingawa Wacherokee walifukuzwa vilevile mwaka 1838. Nadharia ya kuituliza jamii haiwezi kueleza kwa nini mtulizaji aende gerezani.

Hapa Smith anaingia na jibu lake. Yeye alikuwa mchungaji wa Kanisa la Mnazareti pamoja na kuwa mwanahistoria, na kitabu chake kina joto la mtu anayeijua mikutano ya uamsho kwa ndani. Hoja yake ni kwamba uamsho wa katikati ya karne, hasa ule wa mijini, pamoja na mafundisho ya utakatifu kamili, ndio uliowasukuma Wakristo kuushughulikia umaskini, ulevi na utumwa. Mtu aliyeambiwa kwamba anaweza kuishinda dhambi yake leo, hataivumilia dhambi ya taifa mpaka kesho. Kwa hiyo Smith aliwaondolea wahubiri wa uamsho aibu ya kudhaniwa kuwa watu wa kelele tu, na kwa hilo anastahili shukrani.

Ila furaha ya Smith humfanya apite haraka pale ambapo angepaswa kusimama. Charles Finney, mhubiri mkuu wa uamsho, aliwanyima wenye watumwa meza ya Bwana katika kanisa lake la New York. Katika kanisa hilo hilo watu weusi waliketi mahali pao pa pekee, na Lewis Tappan alipotaka wachanganywe, Finney hakuafiki. Mwaka 1836 alimwonya mwanafunzi wake Theodore Weld kwamba harakati za kupinga utumwa zisije zikaumeza uamsho. Alitaka ziwe kiambatisho cha uamsho. Aliyekuwa amefungwa minyororo angeshangaa kusikia kwamba yeye ni kiambatisho. Tena kuna swali ambalo hoja ya Smith haiwezi kulikwepa: uamsho ulikuwapo Kusini pia, na ulikuwa na moto. Wamethodisti waligawanyika mwaka 1844 na Wabaptisti mwaka 1845 kwa sababu ya utumwa, na upande wa Kusini uliendelea kuhubiri toba, kulia machozi na kununua watu. Kama mbegu ni moja na mvua ni moja, kwa nini shamba moja lilizaa Weld na lingine likamzaa mtetezi wa utumwa? Mafundisho ya toba hayajibu swali hili mpaka kwanza tuulize ni dhambi zipi zilizotajwa kwa majina, na nani aliruhusiwa kuzitaja.

Tazama Seminari ya Lane, Cincinnati. Mwaka 1834 wanafunzi walijadiliana kwa usiku 18 juu ya ukombozi wa mara moja na juu ya mpango wa kuwahamishia watu weusi Liberia. Kwa kawaida habari hii husimuliwa kama habari ya Weld aliyeongoza, na ya rais wa seminari Lyman Beecher aliyesitasita mpaka wadhamini wakakipiga marufuku chama cha wanafunzi na wengi wao wakahamia Oberlin. Lakini katika chumba kile alikuwapo James Bradley, aliyetekwa Afrika angali mtoto mdogo, akakua utumwani, akajinunua mwenyewe kwa kazi ya usiku. Alisema karibu muda wa saa mbili. Hoja za wale waliodai kwamba mtu mweusi hawezi kujitunza akiwa huru zilijibiwa na mtu aliyejitunza na kulipa bei yake juu. Ndiyo sababu nasema kwamba Smith na Griffin wameketi upande mmoja wa meza. Mmoja auliza kama moyo wa mtoaji ulikuwa safi, mwingine asema ulikuwa na hila, na wote wawili wanamchungulia mtoaji. Mpokeaji hakuulizwa kitu. Sisi ambao makanisa yetu yalipandwa na vyama vya namna hii, maana Leipzig, Berlin na Betheli zilikuwa misheni za vyama kabla hatujawa kanisa, hatuwezi kukisoma kisa hiki kana kwamba tungekuwa wadhamini.

Kwa Walutheri yuko shahidi mmoja ambaye ningependa kila mwanafunzi amjue. Daniel Alexander Payne alizaliwa huru Charleston, South Carolina, mwaka 1811. Alifungua shule ya watoto weusi mwaka 1829. Sheria ya jimbo ya mwaka 1834 ikaikataza kazi hiyo, na mwaka 1835 akaifunga shule akaenda kaskazini. Hapo azimio la Chama cha Biblia linaonekana kwa sura nyingine: Biblia katika kila nyumba, katika nchi ambayo sehemu yake kubwa ilikuwa ikiharimisha mtu mweusi kujua kusoma. Wapresbiteri walikuwa tayari kumsomesha Payne iwapo angekubali kupelekwa Liberia, akakataa. Ndipo chama cha wanafunzi wa Seminari ya Kilutheri ya Gettysburg, kilichokuwa kikijifunza mambo ya misheni, kikaazimu kumsomesha mtu huru mweusi kwa ajili ya kuwainua watu wake humo humo Marekani, bila sharti la kuhama. Payne amesimulia haya katika kumbukumbu zake zilizochapishwa mwaka 1888. Vijana wasio na fedha nyingi walifanya jambo ambalo vyama vikubwa havikulifanya, nalo ni kumwachia aliyesaidiwa achague aende wapi.

Mwaka 1839 Payne alibarikiwa kuwa mchungaji na Sinodi ya Franckean, sinodi ndogo ya jimbo la New York iliyoanzishwa mwaka 1837 na kuupinga utumwa waziwazi. Mbele ya sinodi hiyo alitoa hotuba ambayo ni uchambuzi mkali wa hisani ya kidini kuliko kurasa zote za Griffin. Alieleza kwamba utumwa humnyang'anya mtu uwezo wa kujibu kwa Mungu kuhusu maisha yake mwenyewe, na kwamba watumwa waliowaona mabwana zao wakiabudu siku ya Bwana huku wakiwaonea waliishia kuwadharau wahubiri na Injili pamoja. Yaani utumwa haukuwa jambo la siasa linalongoja pembeni mpaka mahubiri yaishe. Ulikuwa ukiyala mahubiri yenyewe.

Mwalimu wake Gettysburg alikuwa Samuel Schmucker, na kwake Mlutheri yeyote mwenye kupenda maungamo hujikwaa. Schmucker alikuwa adui wa utumwa kwa maneno na kwa matendo. Schmucker huyo huyo ndiye aliyetunga mwaka 1855 mpango wa kulirekebisha Ungamo la Augsburg, akiona makosa katika mafundisho yake juu ya ubatizo na Meza ya Bwana. Sinodi ya Franckean nayo ilijiandikia ungamo lake yenyewe. Kwa upande mwingine C. F. W. Walther wa Missouri, mlinzi mwaminifu wa maungamo kuliko wote, aliandika mwaka 1863, vita vikiwa vinaendelea, kwamba utumwa wenyewe si dhambi, na kwamba kuupinga ni tunda la kutoamini. Wachungaji wa Sinodi ya Kinorwe walikuwa wamesema mamoja na hayo mwaka 1861, kwamba utumwa kwa asili yake si dhambi. Mchungaji Claus Clausen aliwapinga, na ugomvi huo ukaendelea miaka mingi. Basi mwenye maungamo hafifu aliiona dhambi, na mwenye maungamo imara hakuiona. Nimewasikia wanafunzi wakilitumia jambo hili kusema kwamba maungamo hayana faida. Wengine, kwa hofu ya neno hilo, hulifunika.

Mimi naona kwamba kosa la Walther halikutokana na kuyashika maungamo mno. Neno "utumwa wenyewe" lilikuwa neno la darasani. Hakuna mtu aliyewahi kuwa mtumwa wa "utumwa wenyewe". Alikuwa mtumwa wa bwana fulani, katika shamba fulani, chini ya sheria iliyokataza ndoa yake isitambuliwe na mtoto wake asijue herufi. Luther katika Katekisimo Kubwa hakuieleza amri kwa namna hiyo. Katika amri ya tano humhesabu kuwa mwuaji yule awezaye kumwokoa jirani asifanye hivyo, na katika amri ya saba humfuata mwizi mpaka sokoni, kwenye mizani na bei, na kumwita mwizi yule bwana mkubwa aibaye kwa heshima. Mwenye kuyashika hayo angekuwa na silaha kali kuliko utakatifu kamili wa Finney, kwa kuwa hana haja ya kudhani kwamba yeye mwenyewe ameshinda dhambi ndipo aikemee. Walther alikuwa na silaha hiyo kabatini. Kwa nini hakuitoa ni swali la kuchunguzwa, na sidhani kwamba jibu litapatikana katika dogmatiki peke yake. Wapiga debe wa ukombozi aliowajua wengi wao walikuwa pia maadui wa Kanisa, na yeye akapima neno kwa kumtazama msemaji.

Schmucker naye tusimfanye malaika. Alimtia Payne moyo kwa ukweli, lakini ndiye aliyemshauri kwamba atafaa zaidi akijiunga na Kanisa la Methodisti la Waafrika, AME, lililoanzishwa na Richard Allen na wenzake mwaka 1816. Ushauri ulikuwa wa busara. Payne akawa askofu huko mwaka 1852, na mwaka 1863 akawa rais wa Chuo Kikuu cha Wilberforce, Ohio. Lakini ushauri ule ulikuwa na maana ya kwamba Kanisa la Kilutheri lililomsomesha na kumbariki halikuwa na usharika wa kumpa ambamo angeitumia elimu yake yote.

Mwaka 1864, Sinodi Kuu ya Walutheri ilipokutana York, Pennsylvania, Sinodi ya Franckean iliomba kupokewa. Ikapokewa, na wajumbe wa sinodi kongwe ya Pennsylvania wakatoka mkutanoni kwa malalamiko kwamba Wafrankean hawakuwa wamelikubali Ungamo la Augsburg. Malalamiko yao yalikuwa na haki kwa kanuni za mkutano, na kutoka kwao ndiko kulikozaa Baraza Kuu la mwaka 1867. Mwaka mmoja kabla ya York, sinodi za Kusini zilikuwa zimekwisha kuunda mkutano wao wenyewe katika nchi ya wenye watumwa, na zote zilikuwa na Ungamo la Augsburg mezani.